Kaburi la Zablon

Homa Bay
Jumatatu, 11 Agosti 2025

Bwana Nicanor,

Salamu utazipata siku nitakapokuwa nazo. Leo nina hasira tu.

Tangu Jumamosi nimekupigia simu mpaka kidole kimechoka, na kila mara yule mama wa mtandao ananiambia hupatikani. Basi nimechukua karatasi. Barua hii naipeleka stendi, ofisi ya parseli, ije Migori na gari la saa nne. Jina juu ya bahasha ni la Roselyn, maana najua umekimbilia kwa mke wako. Ungekimbilia wapi kwingine?

Hebu nikukumbushe ulichofanya, kama umesahau. Tuko Rodi Kopany, bomani kwa Dani Peres, yule bibi uliyetutafutia wewe, tunapiga picha za sehemu ya mwisho ya tamthilia yetu ya televisheni. Zablon anazikwa, na Zablon ni wewe. Jeneza liko tayari. Kaburi limechimbwa tangu asubuhi. Waombolezaji sitini wamekaa kwenye viti vya plastiki. Unatoka nyuma ya nyumba umevalishwa vizuri, unatembea mpaka karibu na kaburi, unasimama, unageuka, unapanda boda ya mtu aliyekuja kututazama tu, unaenda zako. Na suti! Suti ya marehemu, Nicanor, niliyoazima dukani kwa mjomba Ahmednur kwa kumwapia kwamba itarudi bila hata vumbi.

Waombolezaji walidhani hiyo nayo imo kwenye skripti. Walilia dakika tano nzima baada yako. Mimi nilikaa chini kwenye nyasi.

Ningekusamehe kama ingekuwa ni kazi yangu tu iliyoharibika. Lakini kaburi liko wazi mpaka leo. Mimi ni mtoto wa Mwislamu muuza magodoro, nimezaliwa hapa hapa mjini, na hata mimi najua kaburi tupu haliachwi bomani. Dani Peres alikuwa amekataa katakata. Wewe ndiye uliyepiga magoti mbele yake ukamwambia kwa Dholuo kwamba litafukiwa kabla jua halijatua. Akakubali kwa sababu yako. Sasa wazee wameweka mgomba ndani ili lisikae bure, na wamesema aliyechimbiwa ndiye aanze kutupa udongo, si mwingine. Mama wa watu ana miaka themanini na moja, amekaa kwenye kiti mlangoni anatazama shimo, hali chakula.

Kama umepata kazi Nairobi, sema. Kama nimekukosea, sema. Nimetafuta mwigizaji wa Zablon miezi mitano. Siku ya usaili uliingia ukitetemeka mpaka karatasi ikapiga kelele mkononi, nikamwambia fundi wetu Javan, huyu hapa, huyu anajua mtu mwenye hofu anakaaje. Hakuna anayetetemeka kama wewe Kenya hii. Mbona unaniangusha mwishoni?

Kituo cha televisheni kinataka kazi yote ifike kwao Ijumaa ya tarehe ishirini na tisa. Njoo Jumatano. Tutapiga, utafukia, tutamaliza.

Asmaa


Migori
Jumanne, 12 Agosti 2025

Kwako Madam Asmaa,

Shikamoo, pamoja na kuwa mimi ndiye mkubwa. Barua imefika salama na Roselyn amenipa.

Pole sana sana Madam. Ilikuwa ni tumbo. Nilikula samaki asubuhi ile na nafikiri hakuwa mzuri. Lilinishika ghafla na nikaona aibu kusema mbele ya watu wote hao. Simu nayo ina shida ya chaji.

Suti iko sawa, Roselyn ameipiga pasi. Dani Peres mwambie asiwe na wasiwasi. Nitakuja Jumatano bila kukosa. Saa tatu asubuhi nitakuwa Rodi. Chochote utakachopanga ni sawa. Kama unataka turudie na ile ya hospitali pia ni sawa.

Pole tena.

Wako mtiifu,
Nicanor Obare


Homa Bay
Jumatano, 13 Agosti 2025, jioni

Nicanor,

Bila kukosa! Uliandika mwenyewe, kwa mkono wako, bila kukosa.

Nilikusanya watu wote tena. Padri wa kuigiza alitoka kisiwani Mfangano na boti ya alfajiri. Nikamhakikishia Dani Peres kwamba leo ndiyo leo, akavaa kitambaa kipya kichwani, akatoka nje kukungojea. Saa tatu. Saa tano. Saa nane. Saa tisa yule mama akaingia ndani, akafunga mlango. Afadhali angenitukana.

Nilimpigia Roselyn. Nikamuuliza, tumbo la mume wako likoje? Akaniambia, "Madam, muulize mwenyewe, mimi nimechoka kumsemea." Kwani kuna nini? Mnanificha nini ninyi wawili?

Nitakwambia ninavyoona mimi. Naona umeshaonja kupigiwa makofi, sasa unaringa. Umeona kipande kile cha kwanza kilivyosambaa kwenye simu za watu, wanawake wanakuita Zablon sokoni, ukajua siwezi kukuacha. Sawa. Siwezi. Umeshinda. Sehemu kumi na mbili zina uso wako, siwezi kubandika uso mwingine kwenye ya kumi na tatu.

Lakini Zablon mwenyewe, pamoja na hofu yake yote, angekuja. Nimemwandika mimi, namjua.

Nijibu ukweli au usinijibu kabisa.

Asmaa


Migori
Alhamisi, 14 Agosti 2025

Madam Asmaa,

Unasema unamjua Zablon. Humjui.

Hakuna tumbo. Hakuna Nairobi. Jumatano nilivaa viatu saa kumi na moja, nikafika mpaka stendi, nikapanda gari, nikashuka. Nikapanda lingine, nikashuka. La tatu kondakta alinikataza kupanda. Nilirudi nyumbani nikakaa bafuni kwa sababu ndipo mahali padogo zaidi tulipo napo.

Ile siku ya usaili sikuwa naigiza, Madam. Karatasi ilipiga kelele kwa sababu mkono wangu uko hivyo. Kifua kinabana, masikio yanaziba, nahisi nakufa, na sifi. Niko hivyo miaka kumi na sita. Ninyi mlikuwa mnanipigia makofi kwa ugonjwa wangu. Unasema "kata!", watu wanasema wah, Nicanor, hiyo umetoa wapi? Naenda nyuma ya gari natapika. Nikirudi unasema turudie. Nasema sawa.

Neno langu kwa kila mtu ni sawa. Mtu akinisimamia mbele akitaka kitu, nasema sawa ili aondoke. Halafu nabaki na hiyo sawa usiku na mchana. Ulipotaka boma la kuchimba kaburi nikasema sawa, namjua Dani mmoja. Nilikuwa nataka kusema tafuta kwingine. Ulipotaka niingie kwenye jeneza na kifuniko kifungwe, ulisikia nikisema nini? Simu nimeizima kwa sababu ikilia najua ni mtu anataka sawa nyingine.

Na kitu kingine. Mlimpa Zablon boti iliyozama, ndugu zake wakafa maji, ndiyo maana ana hofu. Ili watu waelewe. Mimi sina boti. Hakuna aliyekufa maji kwetu. Kila daktari, kila pasta, kila shemeji anauliza ilianza na nini, na nikisema sijui wanafikiri naficha. Na kwa nini lazima afe mwishoni? Mimi nimeishi nayo miaka kumi na sita, nimelipa karo, nimeoa, nimejenga. Haijaniua. Mbona yako imemuua kwa sehemu kumi na tatu tu?

Haya, Jumamosi. Ningelala kwenye hilo jeneza, haki ya Mungu, nilikuwa nimejiandaa wiki nzima. Lakini nilipofika kaburini nikaona msalaba. Haukuandikwa Zablon. Uliandikwa NICANOR OBARE, 1981–2025. Kwa rangi nyeusi, vizuri kabisa. Nilifikiri sasa hata ninyi mmejua kwamba nakufa. Nilifikiri mmeambiana wote isipokuwa mimi.

Sasa umeambiwa ukweli. Cheka ukitaka.

Nicanor


Homa Bay
Ijumaa, 15 Agosti 2025

Kaka Nicanor,

Sikucheka.

Nilienda moja kwa moja kwa Javan, fundi wetu wa mapambo, nikamkuta anapaka rangi mlango. Nikamwambia, nionyeshe ule msalaba. Akaanza kukuna kichwa. Nilikuwa nimempa orodha ya wahusika yenye safu mbili, huku jina la mwigizaji, huku jina la mhusika. Alinakili safu isiyo yake. Aliona kosa lake ulipokuwa umeshapanda boda, akapaka rangi nyeupe juu haraka haraka, akaandika Zablon, akanyamaza. Wiki nzima ananisikiliza nikikutukana na amenyamaza! Nilimfokea mpaka mjomba Ahmednur akatoka dukani kwake hapo jirani kuja kuamua ugomvi.

Halafu nikarudi nyumbani nikajifokea mwenyewe, maana ile orodha sikuikagua. Na wewe nilikukagua miezi mitano bila kukuona. Wallahi, Nicanor, nilikuwa nakuona natural, ndilo neno nililotumia kwa wakubwa wa kituo, yaani kama mtu asiyeigiza. Kila ulipotapika nilidhani ni joto.

Nisamehe. Siandiki kwa urahisi neno hili, muulize mama yangu.

Lakini nina hasira bado, na nitakwambia kwa nini. Ungeniambia! Siku moja tu ungenivuta kando ukasema, dada, mimi niko hivi. Ningebadilisha. Au ningekufukuza, sijui, lakini ningejua. Umeniacha nikutese halafu ukanikimbia, na mzigo umemwangukia mama mzee asiyejua televisheni ni nini.

Sahau sehemu ya mwisho. Nitaona nitakavyofanya. Ninachokuomba ni kimoja. Njoo kesho, uje ufukie lile kaburi kwa ajili ya Dani Peres. Hakuna waombolezaji, hakuna jeneza, na msalaba nimeuchoma mwenyewe. Sitaleta kamera. Nitakuwepo mimi na Javan wa kukusaidia na jembe, na Roselyn kama atapenda kukusindikiza. Ukifika Rongo ukashindwa, shuka upumzike, panda tena. Tutangoja hata mpaka jioni.

Asmaa


Migori
Jumatatu, 18 Agosti 2025

Madam,

Nimengoja siku mbili ili niandike bila hasira, na hasira haijaisha.

Nilikuja. Gari nne kutoka Migori mpaka Rodi, Roselyn kanishika mkono kama mtoto wa nasari, watu wakitutazama. Nilimsalimia Dani Peres nikashindwa kumalizia salamu. Yeye akanishika hapa kwenye kiwiko, akasema, "Nyathina, ulichelewa." Mtoto wangu, ulichelewa. Hilo tu. Hakuuliza ilianza na nini.

Nikatupa udongo wa kwanza. Nilitetemeka mpaka jembe likanitoka. Dani akaliokota yeye, na mgongo wake ule, akanirudishia. Likanitoka tena, akanirudishia tena. Sijui mara ngapi. Mgomba ukafunikwa. Ndipo nikalia, Madam, na si kulia kwa Zablon. Kamasi zilitoka. Sijawahi kulia hivyo mbele ya Roselyn.

Halafu nikainua kichwa nikaona dirisha la jikoni kwa Dani. Pazia lilikuwa limefungwa nusu, na kwenye ile nusu kulikuwa na jicho la kamera. Nimekaa mbele ya hilo jicho miezi mitano, unafikiri silijui? Na Javan uliyesema atanisaidia na jembe, mbona sikumwona mpaka mwisho?

Uliandika, sitaleta kamera. Nimeisoma barua tena, imeandikwa hivyo, mstari wa sita kutoka chini. Ulinipigia kelele kwa bila kukosa yangu. Na hii yako?

Najua hata kwa nini ulifanya. Ulijua nikiombwa nitasema sawa, kwa hiyo ukaona uniepushie shida ya kuombwa. Kila mtu hunifanyia hivyo. Wananiepushia.

Nicanor


Homa Bay
Jumatano, 20 Agosti 2025

Nicanor,

Ni kweli. Nilimweka Javan jikoni na kamera.

Nilianza barua hii mara kadhaa kwa visingizio. Nilitaka kusema kamera ilikuwa kwa usalama, ikitokea ukaanguka. Uongo. Nilitaka kusema ni Javan aliyejiamulia. Uongo mbaya zaidi, na maskini Javan ameshanibebea mengi wiki hii. Ukweli ni kwamba nilipoandika sitaleta kamera nilikuwa namaanisha, na asubuhi nilipoamka nikaona kamera mezani, nikaichukua. Sikujiuliza hata mara moja. Mkono ulienda wenyewe.

Na Mungu anisamehe, nimeitazama. Dakika kumi na moja. Wewe, Dani Peres na jembe. Nicanor, nimefanya kazi hii miaka tisa na sijawahi kupiga kitu kama kile. Hakuna skripti ambayo ingekiandika, ya kwangu ndiyo kabisa. Ningekiweka mwishoni, Zablon anafukia kaburi lililochimbwa kwa ajili yake, anatoka bomani kwa miguu yake. Hafi. Ulikuwa umesema kweli, hana sababu ya kufa. Watu wenye shida kama yako wangekaa mbele ya televisheni wakajiona. Naamini hilo kwa moyo wote, na najua pia kwamba linanifaa mimi, ndiyo maana siwezi kujiamini.

Kadi ya kamera iko ndani ya bahasha hii, nimeifunga kwenye karatasi ya chai isikwaruzwe. Hakuna nakala. Nilitaka kutengeneza, Javan akanitazama, nikaacha. Nimemwambia Dani Peres pia kwamba alipigwa picha bila kuulizwa. Amesema yeye atafuata utakalosema wewe, maana kaburi lilikuwa lako.

Sasa nakuomba kama nilivyotakiwa kuomba tangu mwanzo. Naomba ruhusa nitumie picha hizi. Ukikubali, irudishe kadi kabla ya Ijumaa ya tarehe ishirini na tisa. Ukikataa, kaa nayo, na mimi nitakiambia kituo kwamba tamthilia haijaisha. Wanaweza kuikataa yote. Sikuambii hilo kukubana. Nakuambia kwa sababu ungesikia kwa wengine.

Usinijibu kwa haraka. Sitaki ile sawa yako. Nikiipata nitaitumia, najijua, kwa hiyo usinipe kama si ya kweli.

Asmaa


Migori
Jumatano, 27 Agosti 2025

Madam Asmaa,

Tuliitazama juzi, mimi na Roselyn, kwenye kompyuta ya dada yake, tukiwa tumefunga mlango. Umesema kweli. Ni nzuri. Nilifikiri nitaona mtu wa kuhurumiwa. Niliona mtu anatetemeka na anaendelea na kazi yake. Roselyn alitaka tuitazame tena, tukaitazama tena.

Jibu langu ni hapana.

Si kwa sababu nakuchukia. Hasira imepungua, haijaisha, itaisha yenyewe. Lakini siku ile nilikuja kwa Dani kulipa neno langu. Nililia pale kwa sababu nilijua hakuna anayetazama isipokuwa watu wangu. Ukiionyesha itakuwa nililia kwa ajili ya televisheni, na nitajua hivyo kila nikikumbuka. Umesema wenye shida kama yangu watajiona. Labda. Lakini mimi nami ni mmoja wao, na hakuna aliyeniuliza mpaka ilipokwisha.

Kama unataka mwisho wa Zablon, mwandike akiwa hai na unitumie skripti kabla, niisome nyumbani. Andika kwamba haijulikani ilianza na nini. Toa ile boti. Nikiona naweza, nitakuja kuigiza. Nikiona siwezi, nitakwambia siku hiyo hiyo, na simu nimeiwasha, saa mbili mpaka saa nne asubuhi. Kituo kikikataa, hilo sitalibeba mimi. Nimejaribu kulibeba siku saba na mgongo umekataa.

Hii ni barua ya nne. Ya kwanza niliandika sawa, nikafunga mpaka bahasha. Ya pili, sawa lakini usionyeshe uso. Ya tatu nilikwambia fanya utakavyoona. Zote Roselyn amewashia jiko. Hii nayo moyo unapiga mpaka naona herufi zinaruka, na jinsi mkono ulivyoandika unaona mwenyewe hapo juu. Roselyn amesoma, anasema ni kali, niongeze pole kidogo mwishoni. Nimemwambia hapana.

Nicanor Obare